Ni Mvuke Tu, Shemeji

Watu wananiuliza kama nimeshamsamehe. Sijamsamehe. Wengi wao ni wa kanisani kwetu. Wananishika mkono mlangoni na sura zao za upole, wananiambia, Kabula, Mungu amekuponya, sasa achilia. Kupona nimepona, nashukuru. Kuachilia ni habari nyingine, nikiwa tayari nitawatangazia.

Haya siyaandiki kwa ajili yao. Nayaandika kwa ajili ya mtu mmoja nisiyemjua, ambaye sasa hivi amekaa kwenye benchi la hospitali anakohoa, ameshamaliza dawa za malaria na za taifodi, na nyumbani kwake wameshaanza kunong'ona ni nani anayemmaliza. Mtu huyo ana kitu kwenye pochi, kina rangi nzuri na kinanukia embe. Wewe ndiye ninayekutafuta. Kaa vizuri, na hicho kitu kiweke mbali na mimi.

Mimi ni fundi cherehani, Bariadi mjini. Kwetu ni Ipililo, huko Maswa, kwa wakulima wa pamba, na katika maisha yangu sijawahi kuweka sigara mdomoni. Nashona sare za shule na za kwaya, na magauni ya harusi msimu ukifika. Mume wangu Masanja ni fundi pikipiki, mpole mpaka inakera. Tunaishi na mama yake, ambaye mimi na mtaa mzima tunamwita Mayu, yaani mama kwa Kisukuma. Mayu ana kikopo chake cha ugoro na ana mdomo. Tulishagombana juu ya chumvi, juu ya maji, juu ya namna ya kukunja shuka. Ugomvi wa kawaida wa watu wanaopika jiko moja.

Masanja ana mdogo wake, Shija. Huyo ndiye ambaye sijamsamehe.

Shija ana duka la vifaa vya simu karibu na stendi. Anauza makava, chaja na vioo vya kubandika. Kiangazi kile, wakati vumbi la Bariadi linaingia mpaka kwenye kopo la sukari, nilishikwa na mafua ya kuziba pua. Nilikuwa na oda ya sare za kwaya na sikuwa na nafasi ya kuumwa. Mayu akanichemshia mwarobaini, mchaichai na majani ya mpera, akanikalisha kwenye kigoda, sufuria miguuni, blanketi juu, nikajifukiza kama wanavyojifukiza watu wote. Nilitoka pale jasho linanitiririka na pua imefunguka. Jioni ikaziba tena, na Shija akanikuta napumulia mdomo.

"Shemeji, dunia hii bado mnahangaika na masufuria?" akasema. Akatoa mfukoni kitu cha bluu, chembamba, kirefu kama kalamu. "Jifukize na hiki. Kina minti ndani."

"Si sigara hiyo?"

"Sigara ina moto. Umeona moto hapa? Umeona majivu? Ni mvuke tu, shemeji."

Nikavuta. Ubaridi ukapanda mpaka kwenye paji la uso na pua ikafunguka hapo hapo.

Wewe unayesoma ukiwa mbali unaweza kunicheka, na waliocheka ni wengi, tutafika huko. Lakini kwetu mvuke ni dawa. Mtoto akibanwa kifua anafukizwa. Kipindi cha korona mtaa wetu wote ulinuka mwarobaini, wasomi kwa wasiosoma, kila mtu chini ya blanketi lake. Shija alijua anachofanya alipochagua neno. Angesema vepu, ningeuliza maswali. Angesema sigara ya umeme, ningemchapa na rula yangu ya mbao mbele ya wateja. Akasema mvuke, nikamwambia asante.

Mafua yaliisha, mvuke haukuisha. Nikimaliza pindo navuta, nikikata uzi navuta. Minti ilipokwisha Shija akaniletea ya embe. Masanja alikuwa anakichomeka kwenye umeme kila jioni sambamba na simu yake, na asubuhi ananiwekea karibu na mkasi, ndiyo mapenzi yake hayo. Mayu alikiita kakalamu. Wageni wakija anawaambia, mkwe wangu anajifukiza na kakalamu, na wao wanaitikia, siku hizi kuna vitu. Nikikikosa asubuhi vidole vinatetemeka, uzi hauingii kwenye tundu la sindano, na mteja akiuliza sare yake nakuwa mkali. Nilidhani ni mafua yanataka kurudi, kwa hiyo navuta zaidi.

Mvua za kwanza ziliponyesha na watu wakaingia shambani kupanda pamba, nilianza kukohoa. Kikohozi kikavu, halafu homa za jioni, halafu kutapika. Zahanati wakasema malaria. Dawa zikaisha, wakasema taifodi. Baada ya hapo wakasema ni mkojo mchafu. Nilimeza vyote. Magauni yakaanza kunining'inia, na kwa kuwa vipimo vyangu nilivijua kwa kichwa, sikuhitaji mzani wa mtu. Nilipunguza sketi zangu mwenyewe, kisha nikazipunguza tena.

Kila nilikopita waliniuliza swali lile lile. "Unavuta sigara?" Na mimi kila mara nikajibu hapana, na kidogo niliona wananitukana. Mwanamke wa watu, mwanakwaya, nimekaa mbele yako na kitambaa kichwani, unaniuliza sigara? Kakalamu kenyewe kapo kwenye pochi hapo mapajani. Hakuna aliyeuliza kingine. Walikuwa na foleni mpaka nje, wanauliza huku wameshamtazama mgonjwa anayefuata.

Nililazwa hapo hapo Bariadi. Wodini nikapewa sindano na hewa ya mashine, na kakalamu kalibaki nyumbani kwenye droo ya cherehani, maana nani anajifukiza wodini mbele ya manesi. Siku za mwanzo nilikuwa na hasira ya ajabu, natokwa jasho, sipati usingizi, nikamfokea hata dada wa kitanda cha jirani aliyekuwa ananigawia uji wake. Kisha homa ikashuka, nikala. Makohozi yalipimwa, TB haikuonekana. Wakanirudisha nyumbani tukale Krismasi.

Nyumbani Mayu akanifukiza kwa majani yake, akasema lazima uchafu wa hospitali utoke. Nikarudi kwenye mashine yangu na kakalamu kangu. Kabla ya palizi kuisha nilikuwa wodini tena, hoi. Nikapata nafuu tena. Nikarudi nyumbani, nikaanguka tena.

Sasa nikuulize wewe mwenye akili zako. Mtu hospitali anapona, nyumbani anaumwa. Ungesema nini?

Kaka yangu Sayi alisema. Alikuja kutoka Ipililo akanikuta nimelala nimeegemea mito, maana kulala chali nilikuwa siwezi tena. Akauliza nakula nini, nakunywa nini, nani ananihudumia. Akaona sufuria ya majani iko jikoni bado ya moto. Akapanda basi mpaka Mwandoya kwa mganga mmoja mwenye jina, akamsimulia yote, na mganga akamrudishia yale yale aliyosimuliwa. Ugonjwa unaingia kwa mvuke, akasema, na mwenye mvuke yumo ndani ya nyumba. Kwa neno alipatia. Mtu ndiye aliyemkosea.

Mtu wa mkoa wetu wa Simiyu hahitaji kuelezwa kikongwe akishatajwa mchawi ni nini kinafuata, ni mapanga usiku. Na Mayu macho yake ni mekundu, ambayo kwetu wanaiita alama ya mchawi, kumbe ni miaka yote ya kupuliza moto wa mabua ya pamba.

Sayi alirudi na binamu zangu, wakakaa sebuleni. Masanja alikuwepo, ameinamisha kichwa anazitazama kandambili zake. Mayu alikaa kwenye mkeka karibu na mlango. Mimi walinitoa chumbani wakaniweka kwenye kochi.

"Shemeji, sisi hatuna ugomvi na wewe," Sayi akamwambia Masanja. "Lakini wahenga walisema, kikulacho ki nguoni mwako. Mama aondoke hapa kabla ya Jumapili. Akikataa, watakuja vijana wa Ipililo, na mimi sitawazuia."

"Aende wapi?" Masanja akauliza, kwa sauti ya mtu anayeuliza bei ya nyanya. Nakwambia nilitaka kumrushia kiatu.

"Hilo siyo langu." Sayi akanigeukia. "Kabula, kama nakosea, sema."

Nilitaka kusema. Mayu na mimi tuligombana juu ya chumvi, lakini aliyekuwa ananisafisha matapishi ni yeye. Nilikuwa na maneno yote tayari. Nikafungua mdomo, na pumzi haikuwepo. Nikakohoa, nikashika kochi, nikajaribu tena, ikatoka filimbi tu kifuani.

"Mnaona?" Sayi akawaambia wenzake. "Hakatai."

Mayu hakumtazama Sayi. Alinitazama mimi. Kama umewahi kuumwa kifua utajua kuna mambo ambayo ugonjwa unakunyang'anya kabla haujakunyang'anya uhai, na hili kwangu ndilo lililouma kuliko sindano zote. Nimenyamaza kwa kukosa hewa, wao wakasema nimekubali.

Kesho yake asubuhi midomo yangu iligeuka rangi. Hospitali walinibana kidole kwa kile kidude cha kupima hewa, nesi akakitazama, akaita mwenzake, wakakitazama wote. Wakaandika rufaa ya Mwanza. Gari la wagonjwa likawashwa, Masanja akapanda na mabegi, na Mayu, na kanga zake mbili na kikopo chake, akaweka mguu kwenye ngazi.

"Huyu haendi," Sayi akasema.

"Kama mimi ndiye ninayemwua, acha niende mbele ya daktari anikamate," Mayu akamjibu, akapanda. Hakuna aliyethubutu kumshusha, kwa sababu watu walikuwa wanatazama.

Njiani sikumbuki mengi. Nakumbuka tulipofika Nassa upepo wa ziwa uliingia dirishani nikajaribu kuunywa. Nakumbuka mkono wa Mayu umeshika kisigino changu njia nzima, sijui kwa nini kisigino.

Mwanza walinipokea kwa haraka. Daktari alikuwa binti mdogo kuliko mimi, macho yamechoka. Akatazama picha ya kifua dhidi ya mwanga, mapafu yote mawili meupe. Akauliza kama wengine.

"Unavuta sigara?"

Nikatikisa kichwa.

"Hata zamani? Hata ya kuonja?"

Nikatikisa tena. Akaanza kuandika. Hapo ndipo Mayu alipoinuka kwenye benchi.

"Daktari, mimi nina neno. Huko nyumbani nimeambiwa mvuke wangu ndio unaomwua huyu. Majani yangu ni mwarobaini, mchaichai na mpera. Yamo humu kwenye kanga, yapimeni. Lakini kama mnapima mvuke, basi pimeni na ule wake mwingine. Msinipime mimi peke yangu."

"Mwingine upi, bibi?"

"Anao wa kwenye kakalamu. Wa dukani. Anajifukiza kutwa nzima huyu, na haponi."

Daktari akaacha kuandika. "Kakalamu gani?"

Na Masanja, mume wangu mwema, akafungua begi akakitoa. Alikuwa amekifunga kwenye leso safi pamoja na waya wake wa kuchaji. Alikibeba mpaka Mwanza nisije nikakikosa.

Daktari akakigeuza kiganjani. "Mama, nimekuuliza kama unavuta, ukasema hapana."

"Umeuliza sigara," nikamwambia, neno moja moja. "Huo ni mvuke."

"Unakitumia mara ngapi kwa siku?"

"Kila nikikata uzi."

Nesi mmoja pembeni akacheka. Eti mama mzima anavuta vepu kama wanachuo. Simtaji, simjui jina, lakini uso wake ninao, na siku nikikutana naye sokoni nitampa haki yake. Daktari yeye hakucheka. Alieleza mengi ambayo sitayarudia hapa, atakueleza wa kwako. Mimi nilishika moja. Alisema siyo mvuke wa maji hata kidogo, na kwamba bado atanipima mengine, lakini ukiangalia, nikilazwa napata nafuu kwa kuwa nikilazwa sivuti.

Mayu akakaa chini sakafuni. "Kwa hiyo siyo mimi."

"Siyo wewe, bibi."

"Mpigie Sayi simu. Umwambie hivyo hivyo ulivyosema, na asikie sauti yako."

Daktari akanitazama kuniomba ruhusa, nikafumba macho kukubali. Masanja akapiga, akaweka spika. Daktari akasema yote, taratibu, kwa Kiswahili chepesi. Sayi akasema, haya, tumesikia. Mayu akatoa kikopo akanusa ugoro pale pale hospitalini, na aliyemkataza hakuwepo.

Usidhani nilipona kwa kujua. Wiki ile ile pafu la kulia lilitoboka, nikaamka kana kwamba mtu amenikalia kifuani. Wakanitoboa ubavuni, wakapitisha mpira, mwisho wake ukaingia kwenye chupa yenye maji chini ya kitanda. Kila nikipumua maji yanachemka. Nilikuwa nasikiliza yale maji nijue kama bado nipo. Mayu alitandika kanga yake chini kando ya chupa, akawa askari wake. Anayepita karibu anaambiwa, zunguka huko, hapo kuna pumzi ya mtu.

Kisha vidonge. Vilinitia njaa ya kula mpaka ukoko, vikanivimbisha uso ukawa duara, vikaniotesha vinyweleo mashavuni. Miguu ikabaki myembamba. Masanja alikuja na kioo kidogo nikamwambia akirudishe alikokitoa. Usingizi ulikimbia. Na kiu ya kile kitu haikuniacha, hilo nalisema wazi ili na wewe ukijikuta unakitamani huku una mpira ubavuni usidhani umerogwa. Nilikuwa naota embe. Naamka nimeuma shuka. Hakuna aliyeniambia kwamba kitu cha kuzibua pua kinaweza kumshika mtu namna hiyo.

Yaliyonisaidia ni madogo. Kukaa badala ya kulala. Kuongea kwa mikono. Mama mmoja kutoka Magu aliyekuwa anampepea mwanawe kwa kipande cha boksi, na akimaliza kule anakuja kunipepea mimi bila kuombwa. Mayu kuninyoa zile nywele za mashavuni na wembe, ananiambia, tulia ng'wanawane, usije ukaonekana beberu. Ng'wanawane ni mwanangu. Alikuwa hajawahi kuniita hivyo tangu niolewe. Chumvi hatukugombana tena, tukahamia kwenye uji, yeye anataka mzito, mimi mwepesi.

Nilirudi Bariadi wakati wa mavuno, malori yamejaa pamba na barabara nzima imetapakaa vipande vyeupe. Vidonge nilivipunguza polepole mpaka pamba ikaisha mashambani. Mpira ulishatoka, umeacha kovu la kufinyana chini ya kwapa. Daktari alisema pafu halitarudi lote. Kwaya nimeacha. Nikikanyaga mashine ya mguu nachoka, Masanja amenifungia mota. Huyo naye tulishayamaliza, kwa maneno makali, mlango umefungwa, na hayawahusu.

Sayi alikuja na mbuzi. Akamwamkia Mayu kwa Kisukuma, mwangaluka, amepiga goti, macho chini. Mayu akamtazama sana.

"Mbuzi nitamla," akasema. "Wewe bado sijui."

Shija hakuja hospitali hata mara moja. Alikuja nyumbani baadaye, na soda. "Pole, shemeji. Lakini mbona wengine wanavuta na hawaumwi? Labda wewe una kifua chepesi." Yaani mwanamume amekaa kwenye sebule ile ile ambamo mama yake mzazi alihukumiwa, kwa kitu alichokileta yeye, ananipima kifua. Nilimwambia achukue soda yake aende.

Anaviuza mpaka leo. Na wanunuzi ndio hao wanaonitia hasira mpya kila siku. Miaka miwili nyuma wanafunzi walianza kuniomba mfuko wa siri kwenye sare, ndani ya kiuno cha sketi, ndani ya pindo la suruali. Nilishona mingi, nikidhani ni ya kuficha simu. Sasa wakileta sare kupunguza napapasa mle ndani, nakuta kakalamu, kengine kekundu, kengine ka kijani. Wazazi wao nawaita nawaonyesha, na wengine wananijibu, afadhali hicho kuliko bangi. Watu wazima nao wamo. Kuna afisa mmoja wa ofisini, si mtu wa huku, shati limenyooka, alinieleza kwa upole kwamba yeye ameacha sigara na sasa anatumia mvuke, wataalamu wamesema ni salama zaidi. Nilimwuliza wataalamu gani, akacheka.

Kwa hiyo nimehamisha cherehani. Mama wa vitenge aliye mkabala na duka la Shija amenipa nafasi barazani kwake. Nashonea pale, na Mayu anakuja kukaa na mimi, na kikopo chake. Shija alivuka barabara siku ya kwanza akasema namharibia biashara. Hakuniambia mimi, alimwambia mama yake.

"Mayu, mwambie shemeji arudi nyumbani."

"Mimi waliponiambia naroga, wewe ulikuwa wapi?" Mayu akamwuliza. Shija akageuka kutazama duka lake. "Basi rudi dukani kwako. Sisi tunashona."

Wewe uliye kwenye benchi, nisikie. Wakikuuliza kama unavuta sigara, usijibu swali hilo. Taja kila kinachoingia mdomoni mwako na kutoka kama wingu, kiwe na jina gani, kiwe na harufu gani. Kitoe kwenye pochi ukiweke mezani, wacheke wanaotaka kucheka. Na kama nyumbani kuna kikongwe ameshanyoshewa kidole kwa ajili yako, wahi, maana yeye hana hospitali ya kumtibu jambo lile.

Juzi walikuja mabinti wawili wa chuo na yule afisa nyuma yao. Nikasikia mmoja anamwuliza Shija, "Kaka, mvuke wa embe upo?" Shija akafungua kabati la kioo, akauweka juu ya kaunta.

Nikaacha gauni la watu kwenye sindano, nikainuka. Barabara ile ni nyembamba, mtu anaivuka huku anaongea na simu. Mimi nilipofika upande wa pili nilishika kaunta kwa mikono miwili. Nilikuwa nimeandaa maneno, makali, ya kumtosha kila mmoja. Nikafungua mdomo, ikatoka ile filimbi. Nikajaribu tena, filimbi tena, mabega yanapanda na kushuka, jasho linanitoka. Wakasimama wananisubiri niseme. Ng'ambo, Mayu alikuwa ameinuka kwenye kigoda, anatazama. Binti akakisukuma kile kitu kurudi kwa Shija, akamshika mwenzake mkono wakaondoka, na afisa akajifanya anachagua chaja.

Sikusema hata neno moja. Lakini safari hii hakuna aliyedhani nimekubali.